Mitende ya Ndani Wakati wa Winta: Mwongozo Kamili wa Kuivusha Hadi Machi

Mitende mingi ya sebuleni inayokufa wakati wa winta hufia kwenye joto, hatua chache kutoka kwenye hita, udongo wake ukiwa chepechepe. Mwenyewe atakuapia kwamba aliumwagilia kila Jumamosi bila kukosa, na hapo ndipo penye tatizo. Ratiba ya Julai imeendelezwa mpaka Desemba, ilhali mti umeshapunguza shughuli zake tangu jua lilipopungua.

Nawaandikia wenzetu wanaoishi kwenye winta ya kweli: Uingereza, Ujerumani, Sweden, Kanada, kaskazini mwa Marekani. Ninaposema mitende nakusanya jamii yote inayouzwa kwenye vyungu: areka, kentia, chamedorea, hata mnazi wenyewe. Jambo la kushika tangu sasa ni kwamba mwanga ndio unaoamua kila kitu. Mwanga ukipungua, maji nayo yapungue, mbolea isimame, na joto la chumba lisizidi mno. Kuanzia Oktoba hadi Machi kazi yako ni kuuvusha mti. Kukua utakua mwakani.

Kwanza ujue una mti gani

Areka ndiyo ile yenye mashina mengi membamba ya manjano na makuti laini yanayoinama. Asili yake ni Madagaska, na baridi haiwezi. Usiiache kwenye chumba kinachoshuka chini ya nyuzi 15 za Selsiasi. Kentia hutoka kwenye kisiwa kimoja tu duniani, Lord Howe, mashariki ya Australia, na kwa maoni yangu ndiyo mvumilivu kuliko zote: kivuli inakistahimili, hewa kavu kiasi inaistahimili, hata usiku wa nyuzi 10 hauitishi. Bei yake ni kubwa kwa sababu inakua taratibu sana. Kama fedha zinatosha mti mmoja tu, chukua huo. Chamedorea, ile ndogo ya mezani, ni ya misitu ya Mexico na Guatemala; kwao imezoea kuishi chini ya miti mirefu, kwa hiyo giza la wastani halitaishtua.

Kundi la pili ndilo watu wanalolikosea. Humo wamo trakikapasi (mtende wa Kichina wenye shina la manyoya), mtende wa visiwa vya Kanari, na ile mitende ya tende ambayo wengi wetu tumeiotesha kwa kokwa zilizobaki kwenye futari. Hiyo wakati wa winta haitaki sebule yenye nyuzi 22. Inataka mahali pa ubaridi, nyuzi 5 hadi 10, penye mwanga mwingi: ngazi za ndani zenye dirisha kubwa, kibaraza cha vioo, gereji yenye dirisha. Ukiiweka kwenye joto na giza kwa pamoja, itatoa makuti marefu, membamba, yaliyopauka, yasiyoweza hata kujibeba. Trakikapasi iliyopandwa ardhini na kushika mizizi huvumilia baridi chini ya nyuzi sifuri, lakini kwenye chungu mizizi huganda mapema zaidi, kwa hiyo usijivunie sana.

Halafu kuna mnazi. Madukani unauzwa ukiwa nazi nzima imezama nusu kwenye udongo, na makuti matatu au manne juu yake. Mtu wa Pwani akiuona hapiti. Nimwambie ukweli kabla hajatoa pochi: mche ule bado unakula akiba iliyomo ndani ya nazi kupitia joya, ndiyo maana unapendeza hata kwenye kona ya duka isiyo na jua. Akiba ikiisha utataka jua la Bagamoyo na udongo wa moto chini ya mizizi. Chumba kikishuka chini ya nyuzi 20 mizizi husita, na mingi haifiki Machi. Ununue kama unavyonunua shada la maua litakalodumu miezi kadhaa, au ujiandae na taa kali na mkeka wa umeme wa kupasha joto chini ya chungu.

Tahadhari moja kwa wenye watoto na mbwa. Kuna mmea unaoitwa sago, una shina fupi nene na majani magumu yanayochoma, na unauzwa pamoja na mitende. Si mtende, ni sikadi, mmea wa jamii nyingine kabisa, na una sumu kali, hasa mbegu zake. Areka, kentia na chamedorea hazina shida kwa paka wala mbwa, ukiacha kwamba paka ataziharibu.

Septemba: kuuingiza ndani

Kama mti ulikuwa nje au barazani kiangazi chote, uingize kabla usiku haujashuka chini ya nyuzi 12, na areka kabla ya 15. Usingoje baridi ya kwanza ya kugandisha. Kwa Uingereza kusini hiyo huwa katikati ya Septemba au baadaye kidogo; kwa Minnesota au Alberta ni mapema zaidi.

Kabla haujapita mlangoni, uoshe. Upeleke bafuni au tumia mpira wa maji uani, maji ya uvuguvugu, na usugue kila kuti kwa kidole juu na chini. Chunguza pale kikonyo kinapokutana na shina, maana ndipo wadudu wanapojificha. Kisha uukalishe peke yake chumbani wiki mbili, mbali na mimea mingine. Hatua hii wengi huiruka, na wadudu wa Januari karibu wote huingia kwa mlango huo wa Septemba.

Tarajia makuti mawili matatu ya chini yageuke manjano baada ya kuingia. Mti unajipunguza ulingane na mwanga uliopo. Usikimbilie kopo la maji.

Mahali pa kuuweka

London mwishoni mwa Desemba mchana hauna hata saa 8. Stockholm ni kama saa 6. Dar es Salaam mwaka mzima unazunguka saa 12. Na si urefu tu: jua lenyewe liko chini, mawingu mazito, na kioo cha dirisha kinapunguza zaidi. Kwa hiyo kona iliyofaa Juni, mita tatu kutoka dirishani, Desemba ni giza kwa mti hata kama wewe unaweza kusoma gazeti pale.

Dirisha linaloelekea kusini ndilo la winta. Jua la Desemba huku halina nguvu ya kuunguza kuti, hivyo usiogope kuusogeza hadi nusu mita kutoka kwenye kioo. La magharibi au mashariki linafaa pia. La kaskazini ni kwa kentia na chamedorea tu, tena karibu kabisa na kioo. Pima hivi: saa 6 mchana, weka kiganja sentimita 30 juu ya makuti. Kivuli chenye ukingo unaoonekana wazi kinamaanisha mwanga upo. Kivuli hafifu kinamaanisha mti utaishi lakini haukui. Kama huoni kivuli kabisa, sogeza mti au nunua taa.

Ugumu ni kwamba nyumba nyingi za huku zina hita chini ya dirisha hilohilo. Hewa ya moto inapanda moja kwa moja kwenye makuti na kuyakausha kuanzia nchani. Ukiweza, zima hita hiyo moja na uache nyingine zipashe chumba. Usipoweza, sogeza chungu pembeni angalau mita moja, au weka ubao mpana juu ya hita utakaosukuma joto lielekee katikati ya chumba. Nyumba za Kanada na Marekani zenye matundu ya hewa ya moto sakafuni zinahitaji kifuniko cha plastiki cha kugeuzia upepo. Ni rahisi na kinapatikana maduka ya vifaa vya nyumba.

Angalia na chini. Sakafu ya vigae au zege inaweza kuwa na nyuzi 12 wakati hewa ya chumba ina 21, na mizizi yenye baridi hainywi maji hata yakiwa tele. Kipande cha mbao au gurudumu la kubebea vyungu kinatosha kuinua chungu. Makuti yasiguse kioo usiku. Na dirisha unalofungua asubuhi kutoa harufu ya vitunguu lisiwe lile la mtende.

Taa

Kwa anayeishi juu ya latitudo ya London, au mwenye ghorofa ya chini iliyozibwa na jengo la jirani, taa ya kukuzia mimea si anasa tena. Taa ya LED yenye mwanga mweupe inatosha. Zile za zambarau zinafanya sebule ifanane na baa, na mti hauhitaji rangi hizo. Ining'inize sentimita 30 hadi 50 juu ya makuti, iunganishe na swichi ya saa, iwake kwa muda wa saa 10 hadi 12 kwa siku, izimwe usiku. Mti unahitaji giza pia.

Wanaoogopa bili wapige hesabu: taa ya wati 20 ikiwaka saa 12 kwa siku inakula takriban uniti 7 za umeme kwa mwezi. Hita ya umeme ya wati 2,000 inazimaliza uniti hizo ndani ya saa nne.

Maji

Hapa tutulie kidogo, maana ndipo miti inapouawa.

Achana na siku za wiki. Chukua kijiti cha mbao cha mshikaki, kichomeke kwenye udongo pembeni mwa chungu mpaka kifike chini, kiache dakika kumi, kisha kichomoe na ukitazame. Sehemu iliyolowa itakuwa na rangi nyeusi na chembe za udongo zimeshika. Areka imwagilie kijiti kikitoka kikavu kwa sentimita 5 za juu. Kentia ingoje mpaka robo ya juu ya chungu ikauke. Ile mitende ya chumba cha ubaridi inaweza kukaa wiki tatu au zaidi bila tone. Baada ya mwezi utakuwa umeshazoea uzito, na kukiinua chungu kidogo upande mmoja kutakuambia yote.

Siku ya kumwagilia ikifika, mwagilia kwelikweli. Kikombe kidogo kila siku mbili hulowesha juu tu, chini kukabaki kukavu, na chumvi za maji ya bomba zikajikusanya katikati. Beba mti hadi bafuni, mimina maji ya uvuguvugu taratibu kuzunguka ukingo mpaka yatoke kwa chini, subiri yatiririke, mimina tena. Uache nusu saa hadi maji yaishe kudondoka. Ndipo uurudishe mahali pake.

Mtego mkubwa ni chungu cha urembo kisicho na tundu. Mti uko kwenye chungu cha plastiki, nacho kimo ndani ya kile kizuri cha kauri, na maji ya ziada yamejificha chini pasipoonekana. Mizizi inakaa kwenye dimbwi wiki nzima, inaoza, na makuti yanaanza kunyauka. Mwenyewe akiona yamenyauka anaongeza maji. Nyanyua chungu cha ndani saa moja baada ya kumwagilia, na ukikuta maji, yamwage. Na waambie wageni kwa adabu kwamba chai iliyobaki haimwagwi humo.

Maji yenyewe yasiwe baridi kama yanavyotoka bombani Januari. Yaache kwenye ndoo tangu jana yake yapate joto la chumba. Birika lako likiwa na ukoko mweupe ndani, kama yalivyo ya London, maji yenu yana chokaa nyingi. Changanya na ya mvua ukiweza. Areka pia haipendi floraidi, na nchaze hugeuka kahawia polepole. Theluji iliyoyeyushwa ni maji mazuri sana, ila ichukuliwe mbali na barabara, maana zile za barabarani zimemwagiwa chumvi. Maji yaliyolainishwa kwa mashine ya chumvi ndani ya nyumba usiyatumie kabisa.

Usimimine maji katikati ya kilele, pale makuti machanga yanapochomoza. Mtende una moyo mmoja kwa kila shina. Maji yakituama humo kwenye baridi, moyo unaoza. Dalili yake ni kuti changa lililojikunja kama mkuki: ukilivuta polepole linachomoka lote, na chini yake linanuka. Shina hilo limekwisha. Bahati nzuri ni kwamba chungu cha areka au chamedorea kwa kawaida kina miche mingi iliyopandwa pamoja, hivyo likifa moja, likate usawa wa udongo na mengine yaendelee.

Hewa

Zanzibar unyevu wa hewa kwa kawaida huzidi asilimia 70. Sasa tazama kinachotokea huku. Hewa ya nje yenye nyuzi 0, hata ikiwa imejaa unyevu kabisa, ikiingia ndani na kupashwa hadi nyuzi 21 unyevu wake hushuka mpaka karibu asilimia 25. Ikitoka nje ikiwa nyuzi 10 chini ya sifuri, ndani inabaki na kama asilimia 10 tu. Midomo yako inapasuka, na ncha za makuti vilevile.

Kuupulizia mti maji kwa chupa kunampendeza mpuliziaji. Baada ya dakika chache yamekauka na hewa imerudi ilivyokuwa. Sahani ya kokoto na maji chini ya chungu inasaidia kidogo sana. Kukusanya mimea pamoja kunasaidia kidogo zaidi. Kinachofanya kazi hasa ni mashine ya kuongeza unyevunyevu hewani, pamoja na kipimo kidogo cha unyevu ukutani. Lenga asilimia 40 hadi 50. Usipitilize 60, maana kuta za nyumba za baridi hushika ukungu kwenye pembe za madirisha, na mwenye nyumba hatataka kusikia habari za mtende. Usipotaka mashine, punguza joto la chumba: kutoka nyuzi 23 hadi 19 hewa ileile inakuwa na unyevu mkubwa zaidi, na mti unapumua. Kufua na kuanika ndani karibu na mti nako kunafaa, ukiwa na dirisha la kufungua baadaye.

Wadudu wa Januari

Utitiri hupenda joto na ukavu, kwa hiyo sebule ya winta ni peponi kwake. Hauonekani kirahisi. Shika karatasi nyeupe chini ya kuti, ligonge mara mbili tatu, kisha tulia utazame. Vumbi halitembei. Ukiona vitone vidogo kuliko chembe ya chumvi vinajikokota, na ukivifikicha vinaacha alama, umeupata. Dalili nyingine ni makuti kufifia yakawa na vidoa vidogo vya rangi ya majivu, na utando mwembamba kwenye pembe.

Peleka mti bafuni, uoshe kwa nguvu ya maji ya uvuguvugu hasa upande wa chini wa makuti, baada ya kuufunika udongo kwa mfuko wa plastiki. Ukikauka, upulizie sabuni ya kuulia wadudu wa mimea kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chupa. Sabuni huua wadudu inaowagusa tu, mayai yanabaki, kwa hiyo rudia kila baada ya siku 5 hadi 7, mara tatu au nne. Anayefanya mara moja na kuridhika atawaona tena. Sabuni ya vyombo iache jikoni. Nyingi huunguza makuti.

Wadudu gamba ni vile vibonge vya kahawia vilivyoganda kwenye mishipa ya kuti, na vidung'ata ni vile vya pamba nyeupe. Chovya pamba kwenye spiriti ya asilimia 70 na uvifute kimoja kimoja. Ni kazi ya kuchosha. Tafuta kipindi cha kusikiliza. Ukiona viinzi vidogo vyeusi vinaruka kutoka kwenye udongo, ni ujumbe kwamba unamwagilia kupita kiasi. Acha udongo ukauke.

Mkasi na mbolea

Mbolea simamisha kuanzia Oktoba. Mti usiokua hauli, na chumvi ya mbolea inabaki kuunguza mizizi.

Mkasi utumie kwa huruma. Kuti lililokauka lote, kata karibu na shina. Kuti la manjano liache kwanza, kwa sababu mti bado unavuta virutubisho, hasa potasiamu, kutoka humo kwenda kwenye makuti machanga. Ukilikata mapema, upungufu utahamia kuti la juu yake. Ncha za kahawia zinakatwa kwa kufuata umbo la kuti, ukiacha uzi mwembamba wa kahawia bila kugusa kijani. Ukikata kwenye kijani, kidonda kipya kitakauka tena na utajikuta unakata kila wiki. Na kamwe usikate kilele kwa kuwa mti umefika darini. Hautachipua pembeni kama mwembe.

Kuhamishia chungu kikubwa kusubiri. Mizizi ya mtende haipendi kubughudhiwa, na iliyovunjika Januari haiponi upesi.

Ukinunua mtende winta, uombe ufungwe mfuko mzima au magazeti kuanzia juu hadi chini, na gari liwe limeshapashwa joto. Areka ikipita uwanja wa maegesho kwenye nyuzi 10 chini ya sifuri, dakika chache zinatosha kuiumiza. Madhara huonekana siku kadhaa baadaye makuti yanapogeuka meusi, na risiti huna tena.

Machi hadi Mei

Kuanzia katikati ya Machi utaona kuti jipya likianza kusogea. Weka alama ya kalamu kwenye mkuki na kwenye kikonyo cha jirani yake, na baada ya wiki utajua kama kweli unakua. Ukikua, ongeza maji kidogo kidogo na uanze mbolea ya mitende yenye potasiamu na magnesiamu, kwa nusu ya kipimo mwezi wa kwanza.

Sasa uvute mti mbali na kioo. Jua la Aprili kupitia dirisha la kusini linaunguza makuti yaliyoshinda gizani miezi mitano, tofauti kabisa na lile la Desemba.

Kutoka nje kusubiri mpaka usiku ubaki juu ya nyuzi 12, na kwa areka 15. Wajerumani wana desturi ya kungoja hadi zipite siku za baridi za katikati ya Mei, zinazoishia tarehe 15, na huo ni mwongozo mzuri kwa sehemu kubwa ya Ulaya ya kati. Wiki mbili za kwanza mti ukae kivulini kabisa, chini ya kibaraza au nyuma ya ukuta wa kaskazini. Kisha uupe jua la asubuhi, saa moja au mbili, ukiongeza taratibu. Kuti lililobabuka kwa jua halirudi kijani. Mwishoni mwa Mei au Juni ndio wakati wa kubadilisha chungu, ikiwa mizizi imeanza kutokea kwenye matundu ya chini: ongeza sentimita 3 hadi 5 tu za upana, usilifumue bonge la mizizi, na uupande kwa kina kilekile ulichokuwa nacho.